Nasimama

Mtaalamu alifika Jumatatu akiwa na mabango manne, kalamu za rangi sita na viatu ambavyo havijawahi kukanyaga maji. Kiwanda chetu hufua mashuka ya hospitali tatu, kwa hiyo sakafu yake haikauki. Aliruka dimbwi la kwanza, akaruka la pili, akatumbukia katika la tatu, kisha akatabasamu kama mtu aliyekusudia. Nilipaswa kumpima hapo hapo. Kukanyaga dimbwi si aibu. Wa kuogopwa ni yule anayelikanyaga na kudai kwamba ndiko alikokuwa akienda.

Mimi ni afisa utumishi. Kazi yangu ni mafaili, likizo, barua za onyo na barua za pongezi, na kwa miaka tisa za onyo zimezizidi za pongezi kwa mbali. Meneja aliniita ofisini kwake, akanitambulisha kwa mgeni kama "dada yetu wa makaratasi," akafunga mlango.

"Tunataka kila kiongozi akae mahali panapolingana na maumbile yake ya kazi," alisema Meneja.

Maneno hayo hayakuwa yake. Meneja amemwoa binti wa mwenye kiwanda, na tangu siku ya harusi hajahitaji kuwa na maneno yake mwenyewe. Alisoma chuo kimoja na Mtaalamu, na walikuwa wakitazamana kama watu wawili waliowahi kuibiana majibu.

Mtaalamu alitundika bango la kwanza. Lilikuwa na picha ya gari.

"Kila taasisi ni gari," alisema. "Wafanyakazi wako wa aina nne. Wako Injini: hao husukuma, hawangoji kuambiwa. Wako Usukani: hao hufikiri na kuonyesha njia. Wako Mafuta: hao hulainisha, hucheka na wenzao, huondoa msuguano. Na wako Breki." Hapo alipunguza sauti, kama anayetaja ugonjwa wa mtu aliye chumba cha pili. "Breki husita. Tunawahitaji, lakini hatuwapi uongozi."

"Na abiria?" niliuliza.

"Abiria ni wateja."

"Wateja wetu ni mashuka."

Meneja alinikata jicho. Wahenga walisema akili ni nywele, kila mtu ana zake. Mtaalamu alikuwa amenyoa zote.

Zoezi hilo lilikuwa na sababu moja ya kweli. Msimamizi wa chumba cha kuchambulia alikuwa anastaafu mwisho wa mwezi, na Meneja hakutaka kuchagua mrithi kwa kichwa chake. Katika hilo peke yake alionyesha busara.

Chumba cha kuchambulia ndicho chumba cha kwanza cha kiwanda. Mashuka machafu huingia humo katika mifuko, humwagwa juu ya meza yenye mkanda unaotembea, na wanawake kumi na sita na mwanamume mmoja huyagawa mafungu matatu: ya damu, ya jasho, na yale ambayo hakuna anayetaka kuuliza yana nini. Hospitali husahau vitu ndani ya mashuka. Tumewahi kupata mikasi, vijiko, simu, pete na meno ya bandia ya juu bila ya chini. Hupatikana pia sindano. Kwa hiyo chumba hicho kina sheria moja, nayo haikuandikwa na ofisi: jicho kwanza, mkono baadaye. Shuka hulazwa wazi, hutazamwa, ndipo huguswa.

Aliyeileta sheria hiyo ni mwanamke tuliyemwita Bi Ngoja. Jina lake la kuzaliwa liko kwenye faili, na nadhani mimi peke yangu ndiye niliyelisoma. Alikuwa na miaka hamsini na minne, ishirini na miwili kati ya hiyo mezani pale, na neno alilolitumia kuliko mengine yote lilikuwa "ngoja." Ngoja, hilo lina kitu. Ngoja, geuza. Ngoja, mwanangu, vaa glavu nyingine, hiyo imetoboka.

Mwanamume mmoja wa chumba hicho aliitwa Redio. Alisukuma vitoroli, alisimulia mechi ambazo hakuzitazama, na hakuna aliyewahi kugundua kitufe cha kumzima.

Siku ya pili ya zoezi, Bi Ngoja alikuja ofisini kwangu. Hakukaa. Alisimama karibu na kabati la mafaili, mikono yake ikinuka dawa.

"Mwanangu, nafasi ile naitaka," alisema.

"Umechoka kusimama, mama?"

"Kusimama nimezoea. Nautaka mkanda. Msimamizi ndiye anayepanga mwendo wake, si ndiyo?"

"Ndiyo."

"Basi. Mkwe wangu yuko mezani pale, ana mimba ya miezi mitano. Nilikuja kuomba ahamishiwe chumba cha kukunjia, mkaniambia hakuna uhamisho mpaka mgeni wenu amalize na gari lake. Sawa. Kama hahami, nataka mkanda uwe mkononi mwangu. Ukienda pole, ataona anachokishika. Ukikimbizwa, hataona."

"Jaza fomu vizuri," nilimwambia.

Ndiyo msaada niliompa. Nilisomea kazi hii miaka mitatu ili niweze kumwambia mtu ajaze fomu vizuri.

Fomu ilikuwa na maswali kumi na mawili. Mengi yalikuwa ya kuweka alama tu: unapenda asubuhi au jioni, unapenda kuongea au kusikiliza. Swali la saba ndilo lililotaka maandishi: *Kazi ikipamba moto, wewe hufanya nini?* Mtaalamu aliniambia kwamba hilo ndilo roho ya fomu. Wanawake walijaza wakiwa wamesimama, karatasi juu ya mashine, na Redio alizunguka akichungulia huku na huku na kuwauliza kama kuna swali la mpira.

Jioni hiyo nilichapa majibu. Kati ya watu kumi na saba wa chumba cha kuchambulia, kumi na wanne walikuwa wamejibu swali la saba kwa neno moja, na neno lilikuwa lile lile: *Nasimama.*

Nilicheka peke yangu. Nilidhani wameigana kama watoto wa darasa la pili, na nikajiambia kwamba hayo ndiyo matunda ya kuwapa watu maswali ya chuo. Natamani kusema kwamba niliwaza zaidi ya hapo. Sikuwaza. Nilikwenda kunywa chai.

Matokeo yalitoka Ijumaa. Watu kumi na watatu walioandika *nasimama* walikuwa Breki. Wa kumi na nne, Redio, alikuwa Injini.

Nilichukua fomu mbili, ya Redio na ya Bi Ngoja, nikaziweka mezani mbele ya Mtaalamu.

"Neno ni moja," nilisema.

"Neno ni moja," alikubali. "Lakini nishati ni tofauti. Mama huyu akisema *nasimama*, maana yake anakoma. Kijana akisema *nasimama*, maana yake anainuka. Anajitokeza. Nilimwona kwenye semina niliyowafanyia. Aliuliza maswali manane."

"Yote yalihusu chakula cha mchana."

"Injini inahitaji chakula," alisema Mtaalamu, na hakuwa anatania. Kisha akachomoa karatasi nyingine. "Wewe, kwa mfano, ni Usukani. Wachache sana hupata Usukani safi kama wako. Sikutaka kusema mbele ya wengine."

Nilipaswa kumwambia kwamba katika lugha yetu mtu mmoja anaweza kusimama kwa namna zote mbili, na kwamba dawa ya neno lenye maana mbili ni kumuuliza aliyelisema. Badala yake niliichukua karatasi yangu. Niliisoma mara mbili. Nikaikunja na kuitia mkobani. Mtu aliyemdharau tapeli wiki nzima hupata ladha ya pekee anaposifiwa naye.

Redio akawa msimamizi. Debe tupu haliachi kuvuma, na debe letu likapewa ofisi. Kila mfanyakazi alipewa beji ya rangi ya aina yake: nyekundu kwa Injini, buluu kwa Usukani, njano kwa Mafuta, kijivu kwa Breki. Chumba cha kuchambulia kikawa cha kijivu kama anga la mvua, na katikati yake beji moja nyekundu ikitembea huku na huku ikitoa amri.

Kazi yake ya kwanza ilikuwa kuutoa mkanda mwendo wa pili na kuutia wa nne.

"Injini haibembelezi," aliwaambia.

"Hiyo si injini," alisema mmoja wa wanawake bila kuinua macho. "Hiyo ni honi."

Walicheka, naye akacheka pia, maana hakujua kwamba alikuwa ametukanwa. Kazi yake ya pili ilikuwa kuiondoa sinia ya vitu vilivyookotwa, iliyokuwa imekaa kwenye kona ya meza miaka yote. Alisema inawafanya watu watafute vitu badala ya kufanya kazi. Meneja alipita, akatazama mkanda ukikimbia, akaninyooshea kidole gumba kupitia kioo. Mashuka yalikuwa yakiondoka mezani kwa kasi ambayo haijapata kuonekana. Hakuuliza yalikuwa yameondoka na nini.

Bi Ngoja aliweza kuufuata mkanda huo. Miaka ishirini na miwili si mchezo. Lakini hakuweza kuufuata kwa macho ya watu wawili. Nilimwona akivuta mashuka yake, kisha akinyoosha shingo kutazama ya mkwewe, kisha akirudi kwake. Wiki mbili alifanya hivyo. Sheria ya chumba ikageuka yenyewe, bila mtu kuitangaza: mkono kwanza, jicho ukipata nafasi.

Alhamisi ya wiki ya tatu, saa nne asubuhi, mkwewe alishika shuka la chumba cha upasuaji lililokunjamana, akaguna kidogo tu, kama mtu aliyejikwaa. Kisha akasema, "Mama."

Bi Ngoja alibonyeza kitufe chekundu kabla ya neno kuisha. Mkanda ukakoma. Alimvua binti glavu, akamtia mkono chini ya bomba na kumsafisha kwa sabuni, na sindano yenyewe akaiweka ndani ya kikombe chake cha chai. Nilipofika binti alikuwa analitazama tone la damu kwenye kidole chake, na mkono wa pili aliuweka tumboni.

"Nani kazima mkanda?" aliuliza Redio kutoka mlangoni.

"Mimi."

"Bila ruhusa?"

Bi Ngoja alimshika mkwewe bega, akatoka naye. Hawajafika getini, nilisikia mkanda ukinguruma tena.

Hospitali iliyotuletea sindano ndiyo iliyompokea binti. Walimpima, wakampa dawa za mwezi mzima, wakamwambia arudi kupimwa tena, na tena. Kuhusu mtoto walisema dawa zile haziwezi kumdhuru, na kwamba kilichobaki ni kusubiri. Bi Ngoja, aliyewaambia watu wangoje maisha yake yote, aliambiwa sasa na yeye angoje.

Ijumaa Meneja aliitisha kikao. Mtaalamu alirudi na bango jipya.

"Nimelichunguza tukio," alisema. "Tatizo si mwendo wa mkanda. Tatizo ni kwamba binti yule, kwa maumbile, ni Mafuta. Fomu yake inaonyesha. Amewekwa mahali pa Breki. Hapo msuguano hauepukiki."

Mama mmoja aliyekuwa nyuma yangu alinong'ona, "Kwa hiyo sindano ilisoma beji."

"Aliyechomwa ni mkwe wangu," alisema Bi Ngoja. Hakupaza sauti. "Nataka mkanda urudi mwendo wa pili, sinia irudi, naye ahamie kukunja. Ni hayo tu."

Meneja alimtazama Mtaalamu. Mtaalamu alitabasamu kwa huruma ya kitaaluma.

"Mama," alisema, "ni kawaida kwa Breki kuona hatari kila mahali. Ndiyo zawadi yako. Lakini gari haliendeshwi kwa breki."

"Sawa," alisema Bi Ngoja, akaitazama beji yake ya kijivu kwa muda, kana kwamba ndiyo kwanza anaisoma. "Nimekuelewa."

Jumatatu saa moja na nusu Redio aliwasha mkanda. Bi Ngoja akabonyeza kitufe chekundu.

Redio akawasha. Bi Ngoja akazima.

"Mama, vipi tena?"

"Mimi ni Breki," alisema Bi Ngoja, akimwonyesha beji. "Imeandikwa na mtaalamu. Hii ndiyo kazi yangu, baba. Wewe sukuma, mimi nazuia. Si ndivyo gari linavyokwenda?"

Redio akawasha mara ya tatu. Safari hii aliyebonyeza alikuwa mwanamke wa upande wa pili. Mara ya nne alikuwa mwingine. Kisha wote wakaondoa mikono mezani, wakaifunga kifuani, wakasimama. Hakuna aliyetoka nje. Hakuna aliyepiga kelele. Mifuko iliendelea kuingia, ikajaa mlangoni, ikapanda hadi dirishani.

Redio alikuja kwangu akiwa amesahau kuwa na sauti.

"Dada, nifanyeje?"

"Wewe ni Injini," nilimwambia. "Ulijibu kwamba kazi ikipamba moto unasimama. Ulikuwa na maana gani?"

Alijikuna shingo.

"Sikuwa na maana. Niliona wenzangu wameandika hivyo, nikaandika."

"Na wenzako waliandika kwa nini?"

"Si ndiyo sheria ya Bi Ngoja? Mzigo ukizidi, unasimama. Unazima mkanda, unasimama wima, unatazama, ndio unaendelea. Kila anayeingia chumba kile hufundishwa hivyo siku ya kwanza. Mimi nilifundishwa, ila sikushika."

Nilifungua kabati, nikatoa fomu zile kumi na saba. Mpumbavu wa kiwanda alikuwa amenifafanulia kwa pumzi moja jambo ambalo mimi na diploma yangu tulikuwa tumelicheka. Hawakuwa wameigana. Watu kumi na watatu walikuwa wamejibu kwa mdomo wa mtu mmoja. Swali la saba lilikuwa limetuuliza nani anaongoza chumba kile, na chumba kilikuwa kimejibu, mara kumi na tatu, kwa mwandiko wa kila aina. Mimi niliwaona wajinga. Mtaalamu aliwaona Breki. Kati yetu sijui nani alikuwa na haki ya kumcheka mwenzake.

Saa tano hospitali ya kwanza ilipiga simu. Saa tano na robo ikapiga ya pili. Meneja alitoka ofisini akiwa amelegeza tai.

"Andika barua," aliniambia. "Wamegoma. Andika majina yote."

"Hawajagoma."

"Sasa wamefanya nini?"

"Wamesimama," nilisema, nikamwekea fomu mkononi. "Walikwambia mapema. Swali la saba."

Alizipekua moja baada ya nyingine. Nilimtazama akisoma neno lile, akisoma tena, akisoma tena, na uso wake haukubadilika hata kidogo. Mtu huyo anaweza kusoma jina lake kaburini na kuuliza ni la nani. Lakini simu ililia mara ya tatu, na simu aliielewa. Aliteremka mwenyewe hadi chumba cha kuchambulia. Alikanyaga madimbwi yote matatu.

"Unataka nini, mama?" alimuuliza Bi Ngoja.

"Nilisema Ijumaa."

"Mwendo wa pili, sinia, na mkweo akunje."

"Na wa kusimamia hayo," alisema mwanamke mmoja.

Meneja alimtazama Redio. Redio alikwisha kuivua beji nyekundu na alikuwa ameshika kitoroli, akionekana, kwa mara ya kwanza baada ya wiki tatu, kama mtu aliye mahali pake. Hilo pia lilikuwa suala la maumbile, lakini hakukuwa na bango lake.

Mtaalamu alikuja Jumatano kukusanya mabango. Aliposikia habari hakushtuka. Alisema kwamba nadharia yake ilikuwa imeliona jambo hilo tangu mwanzo, na kwamba kuna aina adimu inayoitwa Breki ya Mbele, ambayo ataiongeza katika toleo lijalo. Aliondoka akiruka madimbwi. Kwa mujibu wa kadi aliyoniachia, alikuwa anakwenda kuifanyia kazi shule ya wauguzi.

Nilichapa barua ya uteuzi, nikaipeleka mwenyewe. Bi Ngoja alikuwa kwenye kona ya meza, sinia imerudi, mkanda ukienda mwendo wa mtu anayetoka msibani. Kupitia mlango wa pili niliweza kumwona mkwewe akikunja foronya, amekaa kwenye kiti. Majibu ya kwanza yalikuwa safi. Ya pili yalikuwa bado wiki tatu.

"Mama," nilisema, "fomu zile niliziona mapema. Kabla Redio hajapewa nafasi."

"Najua. Si wewe uliyezichapa?"

"Nilipaswa kusema."

Alivua glavu moja, akaipokea barua, akaisoma yote hadi sahihi, kisha akaiingiza mfukoni.

"Hapa tunasema jicho kwanza, mkono baadaye," alisema. "Wewe jicho ulitoa. Mkono ukabaki mkobani."

Nilikuwa nimeushika mkoba huo. Karatasi ya Usukani ilikuwa bado imo ndani. Nilifungua mdomo nimjibu.

"Ngoja," alisema Bi Ngoja, akanigeuzia mgongo, akalaza wazi shuka lililofuata.